Mtu mmoja, kazi tano: maswali ya wanaotengeneza filamu wenyewe

Barua nyingi za mwezi huu zimetoka kwa watu wanaoandika, kuongoza, kupiga picha, kurekodi sauti na kuhariri filamu zao wenyewe. Maswali yaliyofanana tumeyaunganisha.

Naandika, napiga picha, nahariri, na sauti najua kidogo. Filamu yangu ya kwanza ni ya dakika 15. Nataka kuifanya yote peke yangu ili nisidaiwe na mtu. Inawezekana, au najidanganya?
*Msomaji, Morogoro*

Inawezekana kwa sehemu kubwa ya kazi, lakini si siku za kupiga picha. Kuandika, kuchambua skripti sini kwa sini (sini ni kipande cha hadithi kinachotokea mahali na wakati mmoja), kutafuta maeneo na kupanga bajeti ni kazi zinazofuatana, kwa hiyo mtu mmoja anazimudu akiwa na muda. Kuhariri na kurekebisha rangi ni hivyo hivyo. Kwenye seti mambo yanabadilika, kwa sababu kazi zote zinatokea sekunde ile ile. Jicho lako likiwa kwenye fokasi, hutasikia pikipiki iliyopita juu ya neno la mwisho la mwigizaji. Ukimtazama mwigizaji kama anasema kweli, huwezi kuitazama mita ya sauti. Ndiyo maana filamu nyingi za mtu mmoja zina picha nzuri na sauti isiyofaa.

Tafuta angalau watu wawili. Wa kwanza ni wa sauti, aliyevaa hedifoni tangu asubuhi hadi jioni na mwenye ruhusa ya kusema "turudie" bila kukuogopa. Wa pili ni wa kushika kila kitu kingine: klapa (ubao unaogongwa mbele ya kamera), chakula, majirani wanaochungulia, na kukumbuka kama mwigizaji alishika kikombe kwa mkono wa kulia. Ukipata mmoja tu, awe wa sauti.

Hata wanaosifika kwa kufanya mengi hufuata njia hiyo. Steven Soderbergh wa Marekani hupiga picha na kuhariri filamu zake mwenyewe, na kwenye orodha ya majina hutumia Peter Andrews kwa upigaji picha na Mary Ann Bernard kwa uhariri. Sauti huwaachia watu wa sauti. Robert Rodriguez, ambaye filamu yake ya kwanza ndefu ilitoka 1992 baada ya kupigwa kwa takriban dola 7,000, alikuwa na kamera yenye kelele isiyoruhusu kurekodi sauti papo hapo. Alichofanya ni kumaliza shoti (kipande kinachopigwa bila kusimamisha kamera), kuzima kamera, kusogeza maikrofoni karibu na waigizaji na kuwataka wayarudie maneno yale yale kwa kasi ile ile. Wakati wa kuhariri, midomo ilipopishana na sauti alikata kwenda kwenye uso wa mtu mwingine. Alitenganisha kazi ya picha na ya sauti, kila moja kwa wakati wake, na njia hiyo bado inafanya kazi leo kwa mtu asiye na msaidizi.

Ratiba nayo uipige hesabu ya kweli. Ukurasa mmoja wa skripti ni kama dakika moja ya filamu. Kundi dogo linamudu kurasa 3 au 4 kwa siku likifanya kazi safi, kwa hiyo kurasa 15 ni siku 4 hadi 5. Wanaojipa siku 2 humaliza wakiwa na shoti moja pana ya kila sini, na kwenye uhariri hawana pa kukatia. Mwizi mkubwa wa muda ni kuhama. Kufungasha, kusafiri hata mitaa mitatu na kupanga tena vifaa kunakula saa moja na nusu. Iandike hadithi yako iishi katika maeneo mawili, kisha piga sini zote za eneo la kwanza kabla ya kugusa la pili, hata kama mpangilio wa hadithi ni mwingine. Sini ngumu kuliko zote iweke siku ya pili asubuhi: waigizaji wameshazoeana, na hakuna aliyechoka.

Kama kweli huna mtu, basi badilisha filamu. Andika yenye maneno machache, au filamu ya maisha halisi ya mhusika mmoja ambaye simulizi lake utalirekodi baadaye chumbani. Filamu ya watu wanne wanaobishana mezani haifai kupigwa na mtu mmoja.

Ndugu zangu, salaam. Nimepiga mazungumzo kwa simu na sauti nikairekodi kwa kirekodi cha pembeni. Mwanzo wa shoti midomo na sauti vinakwenda pamoja, kufika dakika ya nane vimeachana. Tena kuna mvumo wa feni na mwingine kama wa nyuki. Nasafishaje?
*Msomaji, Mombasa*

Alaykum salaam. Una magonjwa matatu, na kila moja lina dawa yake.

La kuachana kwanza. Kama sauti ingepishana na picha kwa kiasi kile kile tangu mwanzo hadi mwisho, ungeisogeza tu kwenye programu na mambo yakaisha. Wewe tofauti inakua kadiri shoti inavyoendelea. Mara nyingi chanzo ni simu yenyewe: programu ya kamera ya kawaida haishiki idadi moja ya fremu, yaani picha moja moja zinazounda video, kwa sekunde. Mwanga ukipungua inashusha, ukirudi inapandisha, na programu ya kuhariri inachanganyikiwa. Yapitishe mafaili yote kwenye HandBrake, programu ya kubadilisha video, chagua fremu 25 na uweke alama kwenye kipengele cha idadi isiyobadilika, ndipo uanze kuhariri. Kwa siku zijazo tumia programu inayokuruhusu kufunga idadi ya fremu. Blackmagic Camera ni ya bure na inafanya kazi kwenye iPhone na kwenye simu kadhaa za Android. Kagua pia kwamba kirekodi kiko kwenye 48 kHz na biti 24. Hata vifaa vizuri saa zake hazilingani kabisa, na katika shoti ya nusu saa unaweza kuona tofauti ya fremu moja. Dawa ni kupiga klapa au kofi mbele ya kamera kila shoti, badala ya kuacha kamera ikizunguka asubuhi nzima.

Mvumo wa nyuki ni umeme. Wetu una mizunguko 50 kwa sekunde, na mvumo wake unasikika kwenye 50, 100 na 150 Hz. Huingia pale waya wa maikrofoni unapolala sambamba na waya wa umeme, au kirekodi kinaporekodi huku kinachajiwa. Huu unaondoka: chuja kwa ncha nyembamba kwenye masafa hayo matatu tu. Usikate kila kilicho chini ya 200, utaondoa kifua cha sauti ya mwanamume.

Feni ndiyo mbaya. Kelele yake imetandaa kwenye masafa yale yale ya sauti ya mtu, na ukiisafisha sana maneno yanasikika kama ya mtu aliyezama majini. Punguza kiasi tu, halafu tandaza chini ya sini nzima sauti ya chumba kile kile ili kelele isikatike kila unapokata picha. Ndiyo sababu kila eneo linarekodiwa kwa sekunde 60 watu wote wakiwa kimya, kabla hamjafungasha. Kama hukuirekodi, tafuta mapumziko kati ya maneno, unganisha vipande, na uvipishanishe kingo.

Siku ya kupiga picha, zima feni na friji. Funguo za gari au pikipiki ziweke ndani ya friji. Hutaweza kuondoka bila kulifungua, na hivyo hutasahau kuliwasha tena na kuharibu chakula cha mwenye nyumba. Kwa mji kama wako pata pia nyakati za adhana na uzipange ziwe mapumziko, kwa sababu mazungumzo yaliyoanza kabla ya adhana na kumalizika baada yake hayaungani.

Neno moja la mwisho hapa, na hili tungependa likae kichwani kuliko mengine: umbali. Kila unapoongeza umbali wa maikrofoni maradufu, sauti ya mtu inashuka kwa desibeli 6, ilhali kelele ya chumba inabaki pale pale. Maikrofoni ya laki moja iliyoning'inia sentimita 40 juu ya kichwa, nje kidogo ya fremu, inaishinda ya milioni iliyofungwa juu ya kamera mita 3 mbali. Weka kiwango ili sehemu za juu zifike kati ya desibeli -18 na -12, na uache nafasi ya mtu kupiga kelele. Virekodi vipya vya biti 32 vinakuokoa na sauti iliyopasuka, lakini na feni haviwezi kukuokoa.

Kadi ngapi za kumbukumbu zinatosha?
*Msomaji, Kisumu*

Tazama kamera yako inaandika megabiti ngapi kwa sekunde. Kwa megabiti 100, saa moja ni GB 45. Filamu ya dakika 15, ukipiga mara 8 ya urefu wake, ni saa 2, yaani GB 90. Unahitaji nakala 3: mbili kwenye diski mbili tofauti, na ya tatu nyumba nyingine kabisa. Kadi isifutwe hadi nakala ya pili imefunguliwa na kuchezwa, maana kuona jina la faili tu hakuthibitishi kitu. Kuifuta, ifutie ndani ya kamera, si kwenye kompyuta. Na usinakili kwenye kompyuta ya mezani isiyo na betri ya akiba: umeme ukikatika katikati ya uandishi, diski yote inaweza kugoma kusomeka.

Shikamooni. Nikipiga saa sita mchana nyuso zinakuwa nyeusi na macho hayaonekani. Ndani ya duka nako picha inatembeza mistari. Kamera yangu ni mbovu?
*Msomaji, Mwanza*

Marahaba. Kamera ni nzima.

Mistari inaletwa na taa. Umeme wa mizunguko 50 hufanya taa ipepese mara 100 kwa sekunde bila macho kuona. Kamera nyingi na simu hutoka kiwandani zikiwa kwenye fremu 30 na shata (muda ambao kila fremu inapokea mwanga) ya 1/60, na hapo hazipatani na taa zetu. Weka fremu 25 na shata 1/50. Mistari ikibaki, jaribu 1/100. Ikibaki tena, taa hiyo ni ya LED ya bei ya chini, au imepunguzwa mwanga kwa kidhibiti. Itoe, weka yako. Pima kabla ya siku ya kazi: elekeza simu kwenye taa za kila chumba unachotaka kutumia.

Nyuso sasa. Mkiwa karibu na ikweta jua la saa sita linakaa utosini, na paji la uso linakuwa mwavuli wa macho. Kati ya saa 4 asubuhi na saa 10 jioni piga chini ya baraza, chini ya mti mpana, au ndani karibu na dirisha. Kama lazima iwe juani, mgeuze mwigizaji alipe jua mgongo na umrudishie mwanga usoni kwa shuka jeupe la mita 2 lililoshikwa chini kidogo ya kifua, upande mmoja. Upande mmoja, tunasisitiza. Ngozi nyeusi huonyesha umbo lake kwa mng'ao unaoteleza kwenye shavu na taya, na mwanga wa mbele moja kwa moja unaufuta mng'ao huo na uso unakuwa bapa. Poda ipakwe kidogo kwenye paji na pua, isifunike ngozi yote. Mwanga upimwe usoni, si kwenye ukuta uliopakwa chokaa nyuma yake. Kanzu au shati jeupe pe pembeni ya uso mweusi linailazimisha kamera kuchagua mmoja kati ya hao wawili. Nguo ya rangi ya maziwa au samawati iliyofifia inamaliza ugomvi huo kabla haujaanza.

Shata ikiwa 1/50 juani picha itaungua, kwa hiyo unahitaji filta ya giza mbele ya lenzi. Hesabu yake inatokana na kanuni ya zamani: jua kali, apacha (ukubwa wa tundu la lenzi) 16, shata sawa na ISO (wepesi wa kamera kupokea mwanga). Ukiwa ISO 100, shata 1/50 na apacha 2.8, mwanga umezidi kwa hatua 6. Kila hatua ni mwanga maradufu, na hatua 6 ni filta ya giza iitwayo ND64. Zile za kuzungusha ni rahisi kubeba, lakini ukizifikisha mwisho huacha msalaba mweusi katikati ya picha.

Magharibi kwetu ni fupi. Jua likishatua una dakika 20 hadi 25 za anga ya buluu, basi. Fanyeni mazoezi mwanga ungali upo, fokasi iwe imeshawekwa alama sakafuni, na msipange zaidi ya shoti mbili.

Nahariri kazi niliyoiandika na kuipiga mwenyewe. Naiona nzuri, wengine wanasinzia. Nifanyeje?
*Msomaji, Dodoma*

Unachokiona kwenye shoti ni jasho lililoipata. Ile ya juu ya mlima iliyowachukua asubuhi nzima huwezi kuikata, na mtazamaji hajui mlipanda.

Ukimaliza kupiga, kaa siku 7 bila kufungua mafaili. Mkusanyo wa kwanza uufanye kwa kufuata yaliyomo kwenye picha, skripti ukiwa umeifungia kabatini. Utazame mara moja bila sauti: usipoelewa nani anataka nini, tatizo ni la picha. Kisha usikilize bila kutazama. Baada ya hapo wape watu 5 ambao hawakuwepo kwenye seti na wasio ndugu zako, na usiwaulize kama imependeza, kwa sababu watakujibu kwa adabu. Waulize vitu vyenye jibu: yule mwanamke ni nani kwake, barua ilitoka wapi, wapi walitazama simu zao. Watatu wakitaja sehemu moja, hapo pana ugonjwa. Dawa wanayoipendekeza si lazima iwe sahihi, na mara nyingi kosa liko dakika moja kabla ya pale wanapopataja.

Anza kukata mwanzo wa sini. Watu kuingia, kusalimiana na kuketi hukaa vizuri kwenye skripti, na kwenye kioo ni sekunde 20 za kusubiri. Filamu fupi iliyo chini ya dakika 15 pia ni rahisi zaidi kwa waandaaji wa matamasha kuipangia nafasi.

Usiguse rangi wala muziki kabla mpangilio wa picha haujakamilika kabisa. Ukihariri juu ya wimbo unaoupenda, wimbo utaficha udhaifu wa sini, na siku utakapougundua utakuwa umeshaushonea kila kitu. Kwa programu, toleo la bure la DaVinci Resolve linatosha kwa kuhariri, rangi na sauti kwa pamoja. Kompyuta ikikwama, tengeneza nakala nyepesi za 1280 kwa 720 uhariri kwazo, na mwishoni urudishe mafaili ya asili. Baadhi ya mafaili ya biti 10 kutoka kamera mpya hayafunguki kwenye toleo la bure la Windows. Jaribu shoti moja kabla hujapiga filamu nzima kwa mpangilio huo.

Mwigizaji mkuu alicheza kwa nauli tu, na rafiki akanipa muziki bure. Sasa kituo cha televisheni kinaitaka filamu, na wote wawili wanadai. Hatukuandikiana kitu.
*Msomaji, Iringa*

Usisaini na kituo kwanza. Mkataba wa televisheni karibu kila mara una kifungu kinachokufanya utamke kwamba haki zote ni zako. Ukisaini ilhali hazijakamilika, ugomvi wa watu watatu unageuka kuwa deni lako kwa kampuni.

Waite wote wawili, waonyeshe kiasi halisi ambacho kituo kinatoa, na mwandikiane leo kwa tarehe ya leo. Msiandike tarehe ya nyuma, kwani hiyo ni kughushi. Andikeni kwamba fulani alicheza katika filamu hii tarehe fulani, na sasa anaruhusu sura na sauti yake itumike. Taja matumizi: televisheni, sinema, intaneti, matangazo. Taja nchi, au useme dunia nzima, na taja muda. Kama mnakubaliana asilimia, andikeni asilimia ya nini. "Asilimia 10 ya mapato" imevunja urafiki mwingi kwa sababu mmoja anahesabu pesa yote iliyoingia na mwenzake anahesabu inayobaki. Orodhesha gharama zitakazotolewa kwanza, moja moja. Jina lake litakavyoandikwa mwishoni mwa filamu nalo liwemo.

Muziki una haki mbili ndani yake: ya utunzi na ya rekodi yenyewe. Muulize rafiki yako kama biti, yaani mdundo wa wimbo, aliitengeneza mwenyewe au aliichukua mtandaoni. Biti nyingi zinazoitwa za bure zina leseni yenye mipaka, na mtu mwingine anaweza kuwa na ile ile. Filamu ikipandishwa YouTube, mfumo wake unaitambua na mapato yanaweza kwenda kwa mwingine. Sikiliza pia redio au televisheni iliyokuwa ikiimba nyuma ya sini yoyote.

Filamu inayofuata, karatasi zisainiwe kabla ya shoti ya kwanza: waigizaji, mtunzi, mwenye nyumba, na mwandishi kama si wewe. Mtoto anasainiwa na mzazi au mlezi. Ukurasa mmoja wa Kiswahili kinachoeleweka unatosha kwa kazi ndogo. Tanzania Bara hakimiliki inaongozwa na sheria ya 1999, na ofisi yake ni COSOTA. Kenya kuna KECOBO. Hakimiliki inaanza kazi inapotengenezwa, lakini usajili unakupa ushahidi wa kuweka mezani. Kibali cha kupiga na kuonyesha filamu ni jambo jingine kabisa: Bara ni Bodi ya Filamu, Zanzibar ina baraza lake, na Kenya ukaguzi na upangaji wa umri wa watazamaji ni wa bodi iitwayo KFCB. Droni nayo ina mamlaka yake ya usafiri wa anga, TCAA kwa Tanzania au KCAA kwa Kenya, hata kama inatosha mfukoni.

Filamu moja kwa mwaka hainilishi. Mwenye ujuzi mwingi anaishije, na atoze kiasi gani?
*Msomaji, Arusha*

Anaishi kwa kuuza ujuzi mmoja kwa wakati. Ukijitambulisha kama mwandishi, mwongozaji, mpiga picha na mhariri, anayetafuta mhariri anampigia aliyejiita mhariri. Chagua mmoja utangulie. Kwa maoni yetu, anayejua sauti vizuri hakosi kazi, kwa sababu wapiga picha ni wengi na wenye subira ya kushika fimbo ya maikrofoni kutwa nzima ni wachache. Ukiwa kwenye seti za wengine utajua pia waigizaji wanaochelewa na wamiliki wa taa wanaokopesha.

Kiwango chako kianze na hesabu hii. Tuseme vifaa vyako vimegharimu shilingi 3,600,000 na vitafaa kwa miaka 3, na wewe unafanya siku 60 za kazi kwa mwaka. Hizo ni siku 180, yaani kila siku vifaa vinakula 20,000 kabla hujala wewe. Siku moja ya kupiga picha inaleta nusu siku ya maandalizi na siku 2 au 3 za kuhariri. Anayetoza siku ya kamera tu amefanya kazi siku nne akalipwa moja. Ongeza usafiri, diski za kuhifadhia kazi ya mteja, na kodi. Ukifanya kazi na kampuni au asasi, uliza mapema kama watakata kodi ya zuio, na udai hati yake.

Chukua nusu kabla ya kuanza. Andika marekebisho ni mara ngapi, kwa kawaida mbili, na la tatu lina bei. Andika muda utakaotunza mafaili, miezi 6 kwa mfano. Mafaili ghafi hayamo kwenye bei mpaka yatajwe, na hapo yana bei yake. Faili la mwisho lisilo na alama yako litoke malipo yakishakamilika. Anayekuomba bei ya urafiki mpe siku chache zaidi za kusubiri, au filamu fupi zaidi, lakini kiwango cha siku kisishuke, kwa sababu ndicho atakachowatajia wenzake.

Pesa ya filamu yako iweke akaunti tofauti, na iingie kwa kila malipo unayopokea, hata kidogo. Panga filamu miezi ambayo kazi za wateja ni chache mahali ulipo. Kwa wengi wanaopiga harusi, Ramadhani na Kwaresima ndiyo nafasi.

Tamasha limekubali filamu yangu na linataka DCP. Wanaonitengenezea wanataka pesa nyingi. Naweza mwenyewe?
*Msomaji, Bukavu*

Unaweza, kwa DCP-o-matic, ambayo ni ya bure. DCP ni folda ya picha za JPEG 2000 na sauti, iliyopangwa kwa namna mashine za sinema zinavyotaka. Kwa umbo la kawaida tumia 1998 kwa 1080, na kwa picha pana zaidi 2048 kwa 858. Dakika 15 kwa megabiti 100 kwa sekunde ni kama GB 11. Mafaili ya ndani usiyabadilishe majina, maana herufi moja ikiguswa mashine inaikataa folda nzima.

Waulize tamasha mambo mawili. La kwanza, fremu 24 au 25? DCP ya mtindo wa zamani inatambua 24, na mashine fulani hazichezi 25. Programu inaweza kukubadilishia, ila filamu itarefuka kidogo na sauti ilingane nayo. La pili, diski iwe ya mfumo gani: kumbi nyingi hutaka ext2 au ext3, na kompyuta ya Windows haitaifungua bila msaada.

Sauti ya chaneli mbili hucheza, lakini kwenye ukumbi mkubwa aliyekaa kushoto atasikia kila mtu akiongea upande wa kushoto. Peleka mazungumzo kwenye chaneli ya kati. Maandishi ya tafsiri yasizidi mistari miwili, kila mmoja herufi 42, na yasikae chini ya sekunde moja wala zaidi ya 7. Ukitafsiri filamu ya Kiswahili kwa Kiingereza na Kifaransa, unaifungulia njia ya matamasha ya filamu kama ZIFF Zanzibar na pia FESPACO ya Ouagadougou, Burkina Faso, ambayo hufanyika kila baada ya miaka miwili. Tafsiri afanye mtu aliyeitazama filamu, si aliyesoma skripti tu, na Kiswahili chenu cha Kongo asikisanifishe kimya kimya.

Soma pia masharti ya onyesho la kwanza. Matamasha mengine hukataa filamu iliyokwisha kupandishwa YouTube hadharani, kwa hiyo iache kwenye kiungo chenye nywila mpaka ziara ya matamasha iishe. Siku ya onyesho fika mapema, omba dakika 2 za kuijaribu ukumbini, sikiliza kutoka safu ya nyuma, na uwe na faili la kawaida la video la H.264 kwenye flashi nyingine mfukoni.